Sikio Kwanza: Niliyojifunza Nikiwafundisha Watoto Wadogo Kutambua Vina

Mwulize mtoto wa miaka minne ni neno gani linaendana na "paka", na usishangae akikujibu "panya". Kila mwaka nalisikia jibu hilo katika darasa la awali, tena kutoka kwa watoto wepesi kabisa, na nimekuja kuliheshimu. Mtoto huyo amefikiri. Anajua paka humkimbiza panya, anajua wote wawili wana mikia na sharubu, na hata sauti amezisikia kwa sehemu, maana maneno yote mawili yanaanza na "pa". Kilichobaki ni kile hasa nilichomwomba: amwache mnyama aende zake, abaki na neno tupu, alisikilize mpaka linapoishia.

Sisi watu wazima tumesahau ugumu wa jambo hilo. Kwa mtoto mdogo neno ni kama kioo cha dirisha: anatazama vilivyo upande wa pili, kioo chenyewe hakioni. Ukisema "moto" anaona miali na anahisi joto. Kwamba "moto" ni mlio, kwamba una mwanzo na mwisho, na kwamba mwisho wake ni ule ule wa "ndoto", ni habari mpya kabisa kwake. Baada ya miaka mingi ya kukaa mkekani na watoto wa umri huu, naamini kazi nzima ya kufundisha vina imelala hapo. Akishaweza kuliangalia neno lenyewe, hata kwa dakika chache tu, vina vinakuja haraka. Kabla ya hapo anabahatisha tu, hata kama anapatia.

Wapo waliolipima jambo hili kwa utaratibu. Mwaka 1983 watafiti wawili wa Oxford, Lynette Bradley na Peter Bryant, walichapisha katika jarida la Nature kazi waliyoifanya na watoto takriban 400 wa miaka minne na mitano, kabla hawajajua kusoma. Mtoto alisomewa maneno machache, yote yakiwa na sauti fulani ya pamoja isipokuwa moja, akatakiwa kulitaja lile lililo tofauti. Waliofanya vizuri katika mchezo huo wakawa kwa ujumla wasomaji bora miaka kadhaa baadaye. Watafiti hawakuishia hapo. Waliwachukua watoto 65 waliokuwa dhaifu katika sauti, wakawagawa makundi. Kundi moja lilifundishwa kupanga picha kwa sauti za majina yake. La pili lilifundishwa hivyo hivyo, kisha likaongezewa herufi za plastiki. La tatu lilipanga picha zile zile kwa maana: wanyama huku, vyombo kule. La nne halikupewa mafunzo ya ziada. Masomo hayo yalikuwa vipindi 40 katika muda wa miaka miwili, na waliokwenda mbele zaidi katika kusoma na kuandika ni wale wa sauti pamoja na herufi.

Mimi huvutiwa zaidi na lile kundi la tatu. Picha zile zile, mwalimu anayeshughulika nao kwa bidii ile ile, na bado kupanga kwa maana hakukuwafikisha walikofika wenzao. Kila nikiliona jibu la paka na panya nalikumbuka kundi hilo.

Utafiti ule ulihusu watoto wanaozungumza Kiingereza, lugha ambayo maandishi yake na matamshi yake havikai pamoja kwa amani. Kiswahili ni kingine. Kina irabu tano tu, karibu kila neno linaishia kwa irabu, na herufi inasomwa ilivyoandikwa. Mtu anaweza kudhani basi vina kwetu ni mteremko. Upande mmoja ni kweli: maneno yenye vina ni mengi kiasi kwamba mwalimu hakosi mifano hata akiamshwa usingizini. Lakini lugha yetu ina mitego yake, na vitabu vilivyoandikwa kwa ajili ya lugha nyingine haviwezi kukuonyesha.

Mtego wa kwanza uko mwanzoni mwa neno. Sikiliza: "kiti changu kizuri kimevunjika", "watoto wangu wawili wamelala". Tangu mtoto anaanza kuongea, sikio lake linafunzwa kufuatilia vichwa vya maneno, kwa sababu ngeli ndizo zinazoushikilia usemi. Ukimwomba maneno yanayofanana na "kiti" atakupa "kisu", "kitabu", "kijiko", na kwa namna ya lugha yake amefanya kazi nzuri. Wewe sasa unataka sikio hilo lililozoea kichwa liende mkiani. Hilo linahitaji muda, na linahitaji mwalimu asiyeliita jibu la mtoto "kosa". Mimi husema, "Umesikia mwanzo, vizuri sana. Sasa twende mwishoni." Kisha natamka neno polepole, sehemu ya mwisho nikiivuta kidogo: kijikooo, mwikooo.

Mtego wa pili uko mwishoni kwenyewe. Vitenzi vya Kiswahili vyenye asili ya Kibantu huishia na "a": lala, imba, cheza, kimbia, anguka. Mtoto akikuambia "lala" na "imba" yanaishia sawa, utamkatalia vipi? Amesikia irabu ya mwisho, na irabu hiyo ni moja kweli. Namkubalia alichosikia, kisha namwongezea lingine: "Sikiliza na hili: lala, kilala. Na hili: imba, simba. Lipi limekaa karibu zaidi na 'imba'?" Watoto wengi hupambanua hapo hapo, bila maelezo marefu. "Kilala" halina maana yoyote, nalo linafaa vile vile, na nitaeleza sababu mbele kidogo.

Hapa pana jambo ambalo walimu wenzangu huliuliza mara nyingi. Katika ushairi tunafundishwa kwamba kina ni silabi ya mwisho. Katika tarbia, shairi la mistari minne kila ubeti, yenye mizani 16 kwa mstari, silabi ya nane inabeba kina cha kati na ya 16 kina cha mwisho, na kwa kanuni hiyo "bata" na "sita" ni vina halali, kwa kuwa vyote viwili vinaishia na "ta". Mshairi yuko sahihi. Mtoto wa miaka mitano, hata hivyo, hasikii kwa kanuni ya mshairi. Kiswahili huweka mkazo kwenye silabi ya pili kutoka mwisho, na pale mkazo ulipo ndipo sikio la mtoto hukimbilia. "Bata" na "kata" humgusa mara moja kwa kuwa irabu yenye mkazo nayo inafanana. "Bata" na "sita" humwacha na shaka. Kwa hiyo kwa wadogo naanza na miishio mirefu: nyoka, shoka, choka, toka, jembe, wembe, pembe, moto, joto, ndoto, mtoto, kitanda, banda, panda. Vile vya silabi moja nawaachia madarasa ya juu, siku watakapokutana na tarbia yenyewe. Maneno mafupi kama "mbwa", "nchi" na "nzi" nayaweka kando pia mwanzoni, kwa kuwa mkazo umekalia ile "m" au "n", na mtoto hana pa kushika.

Familia ninayoipenda kuliko zote kwa wiki za kwanza ni ya "aa": taa, saa, kaa, paa, vaa, njaa. Sauti ni ndefu, mdomo unafunguka wazi, hata mtoto mzito wa kusikia tofauti ndogo anaipata. Kuna msichana mmoja aliyekaa kimya vipindi vingi, akitikisa kichwa tu kila nikimuuliza. Siku moja, tukiwa kwenye foleni ya kunawa mikono, akanivuta nguo: "Mwalimu, nina njaa." Kabla sijamjibu akasimama wima, macho yamemtoka. "Njaa! Taa! Saa!" Akayasema tena, na tena, kwa mwenzake wa mbele na wa nyuma. Nikaacha foleni isubiri. Somo lilikuwa limefika, na lilifika mbali na mkeka, na kadi zote zikiwa kabatini.

Namna ya kuuliza ina uzito kuliko vifaa. Neno "yanafanana" silitumii kabisa na watoto hawa, kwa sababu kwao kufanana ni sura, na paka na panya kweli wanafanana. Nasema "yanaishia sawa". Wengine husema "yanalia sawa mwishoni", na hilo pia hueleweka. Neno "kina" lenyewe nalitaja baadaye, wakishakuwa na kitu cha kukiita hivyo.

Kwa siku nyingi za mwanzo siulizi chochote. Tunaimba, tunasema mashairi mafupi, na napenda kutunga ya kwetu papo hapo. Kisha naanza kunyamaza kabla ya neno la mwisho. "Chura wangu kavaa koti, koti limefika…" na darasa linamalizia: "goti!" Linapendeza, lakini halinipi habari nyingi, kwa maana mtoto anaweza kupata "goti" kwa kufikiria koti refu linafika wapi. Maana na sauti vyote vimemwelekeza pamoja. Kwa hiyo nina mashairi mengine ambayo maana inavuta huku na sauti inavuta kule:

Simba, simba, tumbo limevimba,
akiamka asubuhi anapenda…

Anayefuata maana atasema "nyama", au "kunguruma", au "kulala tena". Anayefuata sikio atasema "kuimba", na mwaka mmoja mtoto mmoja alisema "kuchimba", akasisitiza kwamba simba wake anachimba shimo. Nikampokea kwa mikono miwili. Kwa mistari hiyo miwili naweza kujua kila mtoto amefika wapi bila kumweka kwenye mtihani wowote, na yeye mwenyewe hajui kwamba amepimwa. Kama ningetakiwa kubaki na zoezi moja tu kati ya yote ninayoyafanya, ningebaki na hilo.

Baada ya hapo ndipo huja swali la ndiyo na hapana. Natamka maneno mawili, watoto wamefumba macho, na anayesikia yanaishia sawa anainua mkono. Macho yafumbwe kweli. Watoto wa umri huu ni hodari wa kumwangalia jirani, na mikono kumi ikiinuka pamoja unaweza kufikiri darasa zima limeelewa kumbe wawili ndio walioelewa. Jozi za kwanza ziwe mbali sana: taa na saa, kisha taa na kuku. Ukianza na jozi za karibu, kama "kata" na "kiti", umewapandisha mlima kabla hawajajua kutembea tambarare. Na uchanganye ndiyo na hapana bila mpangilio unaotabirika, kwa sababu katika swali la majibu mawili anayebahatisha hupatia nusu ya maswali, na wapo watoto wanaoinua mkono kila mara kwa ajili ya kumfurahisha mwalimu. Mmoja wao nilimtambua kwa kuuliza jozi nyingi za "hapana" mfululizo.

Kumtafuta mgeni kati ya maneno matatu ni hatua ngumu zaidi, na ugumu wake hautoki kwenye vina peke yake. Mtoto lazima ayashike maneno matatu kichwani kwa wakati mmoja ndipo ayalinganishe. Anayejibu kila mara neno la mwisho pengine amelikumbuka hilo tu. Hapo ndipo picha zinapofaa, kwa kuwa zinamshikia maneno. Lakini picha nazo zina hatari yake. Unaweka picha ya mto, mtoto anaona "maji". Unaweka picha ya koti, anaona "nguo". Unaweka ya kaka, anaona "mvulana". Anapanga kwa sauti za majina yaliyo kichwani mwake, wewe unasahihisha kwa majina yaliyo kichwani mwako, na hakuna kati yenu anayejua kwa nini hamwelewani. Sasa kila kadi inapotoka tunaiita jina kwanza, wote kwa sauti, na katikati ya mchezo tunayarudia majina. Dakika mbili za kutaja majina huokoa kipindi kizima.

Matamshi nayo yataka busara. Katika vinywa vingi "fedha" hutoka "feza". Kwa mtoto anayelitamka hivyo, fedha, meza na cheza ni ndugu kamili, na akikuambia yanaishia sawa, kwa sikio lake anasema kweli. Vivyo hivyo kwa asiyetenganisha "r" na "l": kwake "sura" na "kula" ni vina safi. Huyo kazi ya vina ameifanya, tena vizuri. Kilichobaki ni somo la matamshi, nalo lina wakati wake na subira yake. Nikiyachanganya masomo haya mawili namfundisha asiliamini sikio lake, na sikio lake ndilo nililokuwa nalitafuta. Kwa hiyo sauti hizo zinazogombaniwa siziweki kwenye jozi za kupambanua mpaka baadaye sana.

Watoto wanaozungumza lugha nyingine nyumbani hawana haja ya kusubiri wakamilishe msamiati wa Kiswahili. Vina havidai ujue maana. Baadhi yao hupata haraka kuliko wenzao, nadhani kwa sababu neno wasilolijua haliwavuti kwenye picha yoyote. Wanabaki na mlio. Na nikimsikia mtoto akitoa vina katika lugha ya kwao, huhesabu kwamba ameshaweza, kwa sababu sikio analosikilizia Kiswahili ni hilo hilo.

Nisimalize habari ya masikio bila kusema hili. Palikuwa na mvulana aliyekaa mbele, mchangamfu, akijibu vizuri maswali yote ya vina. Siku moja nilikuwa nimeshika daftari, nikajikuta nimejifunika mdomo nikiuliza, na majibu yake yakasambaratika. Nikashusha daftari, akarudi kupatia. Nikaliinua tena kwa makusudi, akapotea. Alikuwa anaisoma midomo yangu. Nilimwomba mama yake ampeleke masikio yakapimwe, na huko wakakuta majimaji nyuma ya ngoma ya sikio, hali inayowapata watoto wadogo wengi na ambayo inaweza kuja na kuondoka bila mtoto kulalamika maumivu. Alitibiwa. Tangu hapo kila muhula nafanya zoezi moja nikiwa nimesimama nyuma ya watoto. Namsihi kila mwalimu wa awali afanye hivyo. Mtoto asiyesikia vizuri mara nyingi huitwa mtundu au mzembe, na vina, kwa kuwa vinadai usikivu wa sauti ndogo, vinaweza kumfichua mapema kuliko somo lolote.

Sasa, kuhusu "kilala". Mtoto akishatambua vina, atataka kuvitengeneza, na maneno ya kwanza atakayotengeneza hayatakuwa na maana: kutoka bata na kata atafika kwa gata, zata, nyata. ("Nyata" lina maana, yeye hajui, na haijalishi.) Wazazi wengine huwahi kusahihisha: "Zata ndiyo nini?" Naomba waache. Mtoto anayesema "zata" ameshalikata neno mahali panapotakiwa, akashika "ata", akaondoa sauti ya mwanzo na kupachika nyingine. Hiyo ndiyo kazi atakayoifanya kesho akiandika. Neno lisilo na maana ni ushahidi mzuri zaidi wa hilo kuliko neno lenye maana, kwa sababu hawezi kuwa amelikariri. Darasani kwangu tunayapokea yote, kisha tunaulizana yapi tunayatumia na yapi tumeyazua sasa hivi, na watoto hufurahia swali hilo karibu sawa na kuyazua.

Tahadhari ndogo kwa mwalimu mgeni: chagua miishio kabla ya kuingia darasani. Ipo ambayo ukibadilisha herufi moja tu inazaa tusi, na mtoto mmoja akilifikia, kipindi kimekwisha. Mzawa wa lugha anajua ipi ninaisema. Majina ya watoto nayo yatumiwe kwa upole. Asha, washa, kasha, ni raha tupu, lakini jina likipatiwa kina kibaya humfuata mwenyewe hadi uwanjani, na huko mwalimu hayupo. Kwa majina, vina nachagua mimi, sio wao.

Vipindi viwe vifupi. Dakika tano hadi kumi, mara nyingi kwa wiki, huzaa kuliko nusu saa ya mara moja. Wazazi wakiniuliza wafanye nini nyumbani, nawaambia wasiandae chochote: wakati wa kuoga, wakati wa kuvaa, njiani, mtajie neno moja, yeye akupe mwenzake, na mbadilishane. Akichoka, mwache.

Herufi ziingie lini? Kwa maoni yangu, mapema kuliko wengi wanavyodhani, lakini kwa mpango. Tunafundisha kusoma kwa silabi, na vina vinakaa vizuri sana ndani ya mpango huo. Mtoto anayezijua "ba", "ka" na "pa" unamwekea kadi ya "ta" mezani isiyosogezwa, kisha unambadilishia kadi ya mbele: bata, kata, pata. Anaona kwa jicho kitu ambacho sikio lake lilikuwa limeshakijua, na uso wake unabadilika. Kwa muda mrefu nimekuwa nikiitazama sura hiyo na sijaizoea.

Tatizo ni kwamba jicho ni jepesi kuliko sikio. Kwa kuwa Kiswahili kinaandikwa kinavyosikika, mtoto mwenye maneno yaliyoandikwa mbele yake anaweza kupata vina vyote kwa kulinganisha herufi za mwisho tu, midomo imefungwa. Karatasi itajaa alama za vema, na sikio halikufanya kazi. Ndiyo maana hata baada ya herufi kuingia, nusu ya mazoezi yangu hayana maandishi. Kwanza tunasema, tunasikia, tunaamua. Maandishi yanakuja mwisho, kuthibitisha.

Na wapo wanaofika darasa la kwanza bado vina havijakaa. Kila mwaka wapo, na wengi wao wana akili njema. Walimu wengine huwazuia kuendelea na kusoma mpaka sikio lifunguke. Mimi nawaendeleza. Nawapa silabi na maneno kama wenzao, na kila siku nawachukua pembeni dakika tano, wawili au watatu, tunarudi kwenye taa na saa, tunarudi kwa simba, herufi zikiwa mkononi mwao safari hii. Wengine husikia vina kwa mara ya kwanza wakiwa wameshazishika hizo kadi, "ta" ikiwa imetulia mezani na kidole chao kikiisukuma "ka" kuiondoa ili "pa" ikae. Wakifika hapo nafunika kadi kwa kiganja na kuwauliza maneno yale yale kwa masikio matupu, kisha mapya ambayo hayakuwa mezani. Wakiyapata hayo mapya, nawarudisha mkekani kwa wenzao.